Mtu wa mabegi: panda basi la Hasheem Thabeet uione NBA isiyooneshwa kwenye tivii

KIJIWENI ukilitaja jina la Hasheem Thabeet, jibu ni lile lile miaka nenda miaka rudi. "Yule? Si alikwenda NBA akachemsha!" Imetoka hiyo. Msemaji kakalia kreti la soda, kahawa mkononi, hajapata kuvuka Chalinze, lakini kesi ya mwenzie keshaisikiliza na hukumu keshatoa.

Wiki hii tunaifungua hiyo kesi upya, ila hatuanzi na pointi. Tunaanza na ramani. Maana kuna wachezaji wa NBA unaowajua kwa jezi moja, mji mmoja, na nyumba moja yenye bwawa la kuogelea. Halafu kuna wale wengine, ambao begi halijafunguliwa zipu vizuri simu inalia: kesho unahamia mji mwingine. Hao ndio vibarua wa kikapu. Mtoto wa Dar alikuwa mmoja wao, na njia aliyopita ni ziara ambayo hakuna wakala wa utalii atakayekuuzia. Kaa dirishani, twende.

DAR: SAKAFU YA SARUJI

Hasheem alizaliwa Dar es Salaam tarehe 16 Februari 1987. Kikapu alikianza akiwa na miaka 15, umri ambao dogo wa Kimarekani mwenye ndoto za NBA anakuwa ameshadunda mpira karibu maisha yake yote. Alisoma Makongo, shule ambayo ukiitaja bila kutaja michezo hujaitaja.

Kikapu cha Dar unakijua. Sakafu ya saruji, jua la saa kumi linalochoma kisogo, ringi nyingine nyavu zimebaki kamba mbili, washabiki wamekaa ukutani wakitoa maneno. Ukianguka, ngozi ya goti unaiacha pale pale. Ni shule nzuri ya roho, lakini haina kocha wa kukufundisha kila siku jinsi senta anavyoweka miguu anapogeuka chini ya ringi.

Alichokuwa nacho dogo ni kimo. Alipofika chuoni aliandikwa futi 7 na inchi 3, yaani mita 2.21. Mlango wa kawaida una kama mita mbili. Sasa mfikirie huyo kijana anaingia kwenye Hiace, zile daladala tulizoziita vipanya, halafu konda anamwambia "sogea nyuma kidogo kaka". Si mchezo.

Kimo hicho ndicho kilichomvusha bahari mpaka Houston, Texas, akamalizia sekondari katika shule ya Cypress Christian. Ile miaka 15 iweke akilini, tutaihitaji mbele ya safari.

STORRS: NG'OMBE NA BARAFU

Kituo kinachofuata si jiji. Ni Storrs, Connecticut, kijiji chenye chuo kikuu ndani yake. Chuo chenyewe, UConn, kilianza 1881 kama shule ya kilimo, na mpaka leo wana ng'ombe wao, na duka lao la aiskrimu inayotokana na maziwa ya hapo hapo. Majira ya baridi theluji inafunika malisho, na jioni pa kwenda ni pamoja tu: Gampel Pavilion, ukumbi wa watu kama 10,000, kuangalia kikapu.

Hapo Hasheem alikaa miaka mitatu, 2006 mpaka 2009, chini ya kocha Jim Calhoun, mzee ambaye alikuwa ameshachukua ubingwa wa vyuo wa 1999 na 2004. Na hapo, msomaji, jamaa hakuchemsha hata kidogo. Aligeuka ukuta. Alitajwa mlinzi bora wa ligi yao ya Big East mara mbili mfululizo, 2008 na 2009, na mwaka huo wa pili akagawana na DeJuan Blair wa Pittsburgh tuzo ya mchezaji bora wa ligi nzima. UConn wakafika nne bora ya Marekani mwaka 2009, wakatolewa na Michigan State, 82 kwa 73.

Tarehe 25 Juni 2009, New York, ikafika siku ya drafti. Si ile ya vizibo tunayocheza chini ya mwembe. Hii ni siku ambayo klabu za NBA zinachagua vijana wapya kwa zamu. Wa kwanza aliitwa Blake Griffin. Wa pili, Hasheem Thabeet wa Tanzania, Mtanzania wa kwanza kuingia NBA. Wa tatu alikuwa James Harden. Wa saba, Stephen Curry.

Umeona shida inapoanzia? Namba mbili ilimletea mshahara wa zaidi ya dola milioni 4 kwa mwaka. Lakini namba hiyo hiyo ikamgandia mgongoni kama kupe. Kuanzia siku ile hakuna aliyemlinganisha na kijana aliyeanza kikapu miaka saba iliyopita kwenye saruji. Wote walimlinganisha na Harden na Curry.

MEMPHIS: PALIKUWA NA MWENYEWE

Memphis iko kando ya mto Mississippi, na ni mji wa watu wanaojua kulia kwa muziki. Ukumbi wa timu ya Grizzlies upo jirani kabisa na Beale Street, mtaa wa bluzi, ambako gitaa halilali. Tembea kidogo kuelekea kusini unafika Lorraine Motel, mahali alipopigwa risasi Martin Luther King tarehe 4 Aprili 1968. Siku hizi ni makumbusho. Kwa Mwafrika kijana, kupewa kazi ya kwanza katika mji ule ni jambo zito hata kabla hujagusa mpira.

Uwanjani nako kulikuwa na uzito wake. Nafasi ya senta ilikuwa na mwenyewe, Mhispania Marc Gasol, bonge la mtu na fundi wa pasi. Hasheem akawa anaingia kwa dakika za kuhesabu. Msimu wa kwanza alicheza michezo 68, wastani wa pointi 3.1 na ribaundi 3.6.

Hapo ile miaka 15 ikadai deni lake. Chuoni alikuwa mrefu kuliko kila mtu, akisimama tu inatosha. NBA kila senta ni mrefu, ana kilo za kukusukuma mpaka kwenye viti vya washabiki, na amefundishwa kazi hiyo toka utotoni. Ufundi wa kujibu hayo unajengwa kwa miaka, na klabu iliyokulipa mamilioni haina subira ya miaka.

BISMARCK: JINA UNALIJUA

Februari 2010 Memphis wakamshusha ligi ya chini, iliyoitwa D-League wakati huo na sasa G League. Hakuna mchezaji aliyechaguliwa juu kama yeye aliyewahi kupelekwa huko kabla yake. Magazeti ya Marekani yakasherehekea kama kawaida ya magazeti.

Alipelekwa wapi? Bismarck, North Dakota, kwenye timu ya Dakota Wizards. Ukiwa mwenyeji wa Mwanza umeshtuka, maana unalijua lile Jiwe la Bismarck ziwani. Ni bwana yule yule! Chansela wa Ujerumani ambaye enzi zake Wajerumani walijimegea Tanganyika. Huko Amerika, watu wa reli waliupa mji wao jina lake mwaka 1873 ili kuwavutia Wajerumani walete mitaji. Kwa hiyo Mtanzania akapelekwa kutumikia adhabu katika mji wa bwana aliyemtawala babu yake. Dunia ina vituko.

Februari ya Bismarck si ya kuhadithiwa. Usiku wa nyuzi 20 chini ya sifuri hauandikwi gazetini, ni kawaida. Tambarare, upepo, na mto Missouri umeganda. Lakini huko ndiko mchezaji anakopata dakika. Na kumbuka, aliyeshushwa na klabu ya NBA anaendelea kulipwa mshahara wake wa NBA. Mwenzake wa kabati la jirani analipwa pesa ya kubahatisha kodi ya nyumba. Wanafanya mazoezi pamoja, wanasafiri pamoja, wanakula pamoja. Si rahisi kwa yeyote kati yao.

HOUSTON NA HIDALGO: NYUKI WA KWETU

Sasa elewa jinsi mchezaji anavyouzwa kule. Haulizwi. Klabu mbili zinaongea, zinakubaliana, wewe unapigiwa simu. Ni kama abiria uliyelipa nauli ya Mbagala, ghafla konda anasema "wote hamieni gari ile, hii inageuza". Unashuka na kifurushi chako.

Februari 2011 Hasheem akahamishiwa Houston Rockets, na Shane Battier akaenda Memphis. Miezi miwili baadaye, Aprili 2011, ni Battier huyo huyo aliyetupia mtupo wa pointi tatu ulioipa Memphis ushindi wake wa kwanza wa mtoano katika historia ya klabu. Roho inauma, eh?

Houston kwa hali ya hewa ni Dar iliyopigwa lami: joto, jasho, mvua za ghafla. Kwa Mwafrika mrefu ni mji wenye kivuli kikubwa. Hakeem Olajuwon wa Nigeria aliupa ubingwa wa 1994 na 1995. Dikembe Mutombo wa Kongo alimalizia hapo maisha yake ya kikapu mwaka 2009. Yao Ming, Mchina wa mita 2.29, alikuwa majeruhi na akastaafu Julai 2011. Nafasi ilionekana ipo. Lakini Hasheem alicheza michezo saba tu akiwa na Rockets.

Katikati yake akateremshwa tena, safari hii Hidalgo, kwenye timu ya Rio Grande Valley Vipers. Ni mji mdogo mpakani kabisa, ng'ambo ya daraja ni Mexico. Na kivutio chake kikubwa ni sanamu la nyuki. Nyuki, ndiyo, tena jitu zima! Hadithi yake ni hii: mwaka 1956 mtafiti mmoja wa Brazil alichukua nyuki malkia kutoka Afrika Kusini na Tanganyika akawapeleka kwao. Mwaka uliofuata baadhi wakatoroka, wakazaana na wa kule, kizazi chao kikapanda taratibu kuelekea kaskazini, na Oktoba 1990 kundi la kwanza likagundulika Marekani, hapo hapo Hidalgo. Wamarekani wakatishika, baadaye wakajenga sanamu. Kwa hiyo Hasheem hakuwa wa kwanza mwenye damu ya kwetu kufika Hidalgo akiwa amechoka na safari.

PORTLAND: SIKU YA MACHI 15

Machi 15, 2012, simu tena. Portland, Oregon, mji wa mvua na mawaridi, uwanja wenyewe wakati ule ukiitwa Rose Garden. Alipelekwa pamoja na Jonny Flynn, aliyekuwa chaguo la sita katika drafti ile ile ya 2009, wakabadilishwa na mkongwe Marcus Camby.

Siku hiyo hiyo Portland wakamfukuza kocha wao. Siku hiyo hiyo wakamwacha Greg Oden, senta aliyechaguliwa namba moja mwaka 2007, magoti yamemwisha. Yaani ndani ya saa chache, klabu moja ilimtoa namba moja wa jana ikawapokea namba mbili na namba sita waliokwama. Mtu akikwambia NBA ni familia, mkumbushe siku ile. Hasheem alicheza michezo 15, msimu ukaisha, akafungasha.

OKLAHOMA CITY: ALIPOPUMUA

Hapa ndipo begi lilipofunguliwa zipu mpaka chini. Kiangazi cha 2012 Oklahoma City Thunder wakamsajili. Kevin Durant yupo, Russell Westbrook yupo, na Serge Ibaka kutoka Brazzaville yupo. Oktoba, kabla msimu haujaanza, Thunder wakamuuza Harden, yule namba tatu, kwenda wapi? Houston! Dunia duara.

Oklahoma City ni mji wa upepo na anga kubwa, na una msiba wake. Aprili 19, 1995 bomu lililowekwa kwenye lori liliua watu 168. Leo mahali pale pana viti 168 vitupu vimepangwa kwenye majani, kimoja kwa kila marehemu. Mtu wa Dar anayeikumbuka Agosti 7, 1998 pale ubalozini hahitaji mfasiri.

Msimu wa 2012/13 Thunder walishinda michezo 60, na Hasheem alicheza 66, kama mtu wa akiba anayejua kazi yake: ingia, simama chini ya ringi, wasumbue, toka. Hakuna aliyemdai awe Harden. Alilipwa mshahara wa kawaida kufanya kazi ya kawaida, akaifanya. Waliowatoa kwenye mtoano mwaka ule? Memphis, na Gasol wao. Hiyo nayo ikabidi ameze.

Msimu uliofuata akapata michezo 23. Agosti 2014 akauzwa Philadelphia, ambao walimwacha ndani ya siku chache bila hata kuvaa jezi kwenye mechi. Detroit wakamwita kambini, wakamwacha Oktoba. Akashuka Grand Rapids, Michigan, ligi ya chini. Hesabu ya NBA ikafungwa: michezo 224.

YOKOHAMA, FORT WAYNE, HSINCHU

Wengi tungeishia hapo. Pesa ulishaipata, jina lipo, rudi Dar ufungue baa. Lakini 2017 jamaa akaibukia Yokohama, Japani, mji wa bandari kama kwao, kwenye timu ya B-Corsairs. Uwanja wao wa nyumbani wakati ule ulikuwa bwawa la kuogelea la kimataifa! Msimu wa kikapu lilikuwa linafunikwa sakafu, unachezea juu ya bwawa.

Halafu 2020, akiwa anatimiza miaka 33, akarudi ligi ya chini Marekani, Fort Wayne, Indiana, kwenye timu ya Mad Ants. Huko msimu ule mshahara ulikuwa dola 7,000 kwa mwezi, kwa miezi mitano. Linganisha na zile milioni 4. Hiyo si safari ya mtu anayefuata mkwanja. Huyo anataka kucheza. Machi corona ikafunga milango, ligi ikafa njiani.

Akaenda Hsinchu, Taiwan, timu ya Lioneers, katika msimu wa kwanza kabisa wa ligi mpya ya P. League+. Hsinchu wanauita mji wa upepo, na upepo huo ndio uliokausha tambi zao za mchele zinazosifika kisiwa kizima. Leo unajulikana zaidi kwa viwanda vya vile vijidude vinavyoendesha simu yako. Mji wa watu wanaotengeneza vitu vidogo kuliko vyote ukampokea mtu mrefu kuliko wote.

Na cheki hili: timu zenyewe nazo ni wasafiri. Dakota Wizards walihama Bismarck 2012. Vipers wakaondoka Hidalgo 2018. Mad Ants wakaiaga Fort Wayne 2023. Ukitaka kumfuata Hasheem leo kituo kwa kituo, utakuta kumbi zipo na wenyewe hawapo.

SASA HUKUMU

NBA ina klabu 30, kila moja na nafasi za kudumu 15. Jumla 450, dunia nzima inazigombea. Kijana aliyeanza akiwa na miaka 15, bila ukumbi, bila kocha wa utotoni, alishika mojawapo ya nafasi hizo kwa misimu mitano. Angechaguliwa namba 40, tungemwita shujaa na barabara ingepewa jina lake. Kosa lake ni kwamba walimchagua mapema mno. Na waliomchagua ni wao, yeye hakujichagua.

Ni kweli, hakufikia bei aliyouzwa, na wastani wake wa pointi 2.2 hauwezi kupambwa. Lakini bei ni neno la mnunuzi. Kazi ni neno la mfanyakazi. Mtu aliyeshushwa, akauzwa, akaachwa, kisha akakubali baridi, ligi za chini na lugha ngeni ilimradi aingie uwanjani, huwezi kumweka kapu moja na aliyekata tamaa.

Kwa hiyo dogo unayedunda mpira Upanga au Nyakato, safari hii ina funzo moja la bure. Kimo kitakufikisha uwanja wa ndege. Ufundi wa kukaa huko ulipofika unaanza kujengwa mapema, na kwetu bado hatuujengi mapema. Tukishaweka makocha na kumbi kwa watoto wa miaka saba, ndipo tutakuwa na haki ya kumhukumu aliyeanza na miaka 15.

Na jezi za nyumbani hakuzikataa. Baada ya miji yote hiyo alirudi kuzivaa, za Pazi, kisha za Dar City, akicheza na vijana ambao wengi wao begi la kwanza bado hawajalifungasha.